Nani Amsomee Baba

Vitabu vile nilivileta mimi. Naanza na hilo kwa sababu siku hizi ukifika nyumbani kwetu Maretadu ukauliza, utaambiwa ni vitabu vya mzee, au hata vitabu vya wifi yangu, na hakuna atakayekumbuka ni nani aliyevibeba kwenye kiroba kutoka Katesh, kwenye basi la kupitia Basotu, vikimchoma magoti njia nzima.

Nafundisha Kiingereza katika sekondari moja Katesh, na kwa kuwa watu hudhani mwalimu wa lugha hana kazi, nimebandikwa maktaba pia. Mwaka mmoja tuliletewa maboksi ya vitabu vya msaada kutoka ng'ambo. Huko wanaotoa vitabu hutoa vile wasivyovitaka. Tulipata vya kumfundisha mbwa adabu, vya kuteleza kwenye theluji, na chini kabisa ya boksi vikawepo vichache vinene vya Ubuddha, historia yake na mafundisho yake. Mkuu wa shule alivigeuza geuza akasema havimo kwenye mtaala, tena wazazi wakiviona watadai tunawabadilisha watoto dini. "Viondoe hivi, madam," akaniambia. Nikaviondoa kwa furaha, maana nilishajua wa kumpelekea.

Baba yangu alifundisha historia shule ya msingi maisha yake yote ya kazi. Ni mtu wa kusoma hata gazeti lililofungiwa sukari. Atalinyoosha juu ya goti na kuhangaika kutafuta mwisho wa habari iliyokatwa. Kanisani hukaa benchi la mbele na hajawahi kuwa na mpango wa kuhama. Mzee mmoja wa kanisa alipomuuliza kwa nini anashika mambo ya Wahindi, baba alimjibu kwamba tumewasoma Wamisri miaka yote na hakuna mtoto aliyeanza kuabudu jua.

Shida ilikuwa macho. Alikuwa na presha ya macho, na tulichelewa kumpeleka kwa daktari. Daktari alisema kilichopotea hakirudi, na kwamba dawa ya matone ingelinda kile kidogo kilichobaki. Baba aliona mlango, aliona ng'ombe, aliona kwamba mtu amesimama mbele yake. Herufi zilikuwa zimekwisha. Kwa hiyo nikawa nakwenda kumsomea kila Jumamosi.

Tulikaa bega kwa bega kwenye benchi la ukuta wa nyuma, panapopata jua la alasiri, maana Maretadu ina baridi ya kuuma. Mimi nikisoma sentensi ya Kiingereza, nikiitafsiri haraka haraka, yeye akitikisa kichwa. Alipenda sana kusikia kwamba mafundisho yale yalikaa midomoni mwa watu kwa karne nyingi kabla ya kuandikwa. Watawa waligawana, hawa wakashika sehemu hii kichwani, wale sehemu ile, wakawa wanakutana na kuyaghani kwa pamoja ili atakayekosea asikike. Ni huko kisiwa cha Sri Lanka, njaa na vita vilipokaribia kuwamaliza wenye kukumbuka, ndipo yakaandikwa kwenye majani makavu. "Kwa hiyo kitabu kilianza bila macho," baba akasema, na siku hiyo alikula vizuri.

Kulikuwa na sura moja tu ambayo sikuisoma, ile ya kwamba hakuna kitu kinachodumu. Matope yaliyoporomoka kutoka mlima Hanang yalikuwa yameshaingia katika nyumba niliyopanga Jorodom, pale pale Katesh. Mimi nilitoka salama, lakini jirani zangu wengine hawakutoka. Nilimwambia baba kwamba mimi habari ya kutodumu nimeisoma kwa koleo, wala sihitaji kitabu cha mzungu kuja kunieleza. Baba akasema, "Basi iruke."

Sitaficha, Jumamosi zile zilikuwa tamu kwangu kuliko kitu chochote nilichowahi kuwa nacho. Tulizaliwa wengi, na utotoni mwangu baba alikuwa wa watoto wa shule. Aliwapa wao hadithi zote za wafalme na vita, akarudi nyumbani sauti imekauka, akatuambia tunyamaze apumzike. Nilimwonea wivu kila mtoto wa darasa lake. Sasa nimeshafika ukubwani, nina watoto walio vyuoni na mvi za kutosha, ndipo nikampata peke yangu.

Pale nyumbani amebaki mdogo wangu wa mwisho, kama ilivyo desturi yetu, kwamba kitinda mimba ndiye anayebaki na wazazi na kurithi boma. Alioa Mbarabaig wa kule Gehandu, binti wa watu wa ng'ombe, msichana mrefu wa maneno machache aliyeishia darasa la saba. Alikuja na heshima za kwao. Kwao mke hataji kamwe jina la baba mkwe, na hata neno la kawaida likifanana na jina hilo atalizunguka atafute jingine. Wala haketi akamtazama usoni. Akimpelekea chai anaiweka kwenye kigoda, anageuka. Mimi nilimpenda, nasema kweli. Kwa muda mrefu nilimpenda kwa sababu hakuwa na kitu nilichokitaka.

Halafu ikaja Alhamisi moja, shule imefungwa mapema, nikasema niende bila kupiga simu, niwashtue. Nilipozunguka nyumba nikasikia sauti ya mwanamke inasoma. Nilidhani ni redio. Nikasikiliza vizuri nikagundua ni Kiingereza, ila kinasomwa kama kilivyoandikwa, herufi kwa herufi, kila irabu ikipewa haki yake kama kwenye Kiswahili. Wifi yangu alikuwa ameketi kwenye kizingiti cha jiko, mgongo kwa baba, mtoto amelala mgongoni kwake, kitabu changu mapajani. Baba alikuwa kwenye benchi letu, naye amempa mgongo. Katikati yao palikuwa na uwanja mtupu na kuku.

Alisoma maneno machache, akanyamaza. Baba akayarudia polepole mdomoni, akayageuza, akatafuta Kiingereza kilichofichwa humo, kisha uso ukamng'aa. Akalitamka neno vizuri. Akalieleza kwa Kiswahili, na mifano, na mkono hewani, kama mtu aliyesimama mbele ya ubao. Wifi akaitikia "ehee," akaendelea.

Nikacheka. Nilicheka kwa sauti, kicheko cha mwalimu, kile ambacho wanafunzi wangu wanakijua. Wifi akaruka, akafunga kitabu, akaingia jikoni.

"Nani huyo?" baba akauliza.

"Ni mimi baba. Shikamoo."

Hakuitikia. Baba yangu, ambaye alitucharaza kwa kuchelewesha shikamoo, aliiacha ya kwangu ikining'inia hewani. Alisema kwanza, "Umemkatiza." Kisha ndipo akasema, "Marahaba."

Nikakaa kwenye benchi. "Lakini baba, anasoma kitu asichokielewa."

"Ndiyo. Kwa hiyo namweleza."

"Mimi nakusomea na kutafsiri kabisa."

"Wewe unafanya yote," akasema, na mimi, mjinga, nikalichukua kama sifa.

Halafu akaanza kunisimulia mambo yao, tena kwa furaha. Walikuwa wamefika pale ambapo Buddha, akiwa bado mwana wa mfalme, anaondoka nyumbani wakati mkewe na mtoto mchanga wamelala, aende kutafuta dawa ya uzee na mauti. Wifi akafunga kitabu akauliza kutoka kizingitini: je, asubuhi yake nani alikamua? Nikamwambia baba kwamba lile lilikuwa jumba la kifalme, lilijaa watumishi. "Hivyo ndivyo nilivyomjibu," baba akasema. "Akanijibu kwamba ng'ombe wanamjua mtu wao, mtumishi akamue vipi, maziwa siku hiyo yatapungua. Tena akauliza yule mama aliamka akawaambia nini wakwe zake. Tumelibishania wiki nzima." Akacheka mpaka akakohoa. Sura hiyo mimi nilishamsomea. Aliisikiliza akatikisa kichwa, tukaendelea.

Nilirudi Katesh roho inaniuma, inaniuma kweli, kama jino. Nilijiambia ni kwa ajili ya Kiingereza, kwamba lugha inaharibiwa. Jumamosi iliyofuata nikajitia mwema. Nikamwita wifi, nikamwambia, "Njoo nikufundishe matamshi, usiaibike." Akaja, kwa kuwa mimi ni dada mkubwa wa mume wake na hawezi kukataa. Akasoma mstari, nikamsahihisha. Akasoma mwingine, nikamsahihisha kabla hajamaliza. Shingo yake ikashuka. Baada ya hapo, kila nilipofika, kitabu kilikuwa kimefungwa, nacho kipo juu ya meza kwenye kitambaa, na wifi ana kazi nyingi sana bandani.

"Shikamoo wifi, karibu."

"Marahaba. Leo hamsomi?"

"Hapana wifi. Msomaji si umekuja."

Alisema hivyo bila ubaya wowote, na ndiyo maana ilinichoma.

Ikatokea kwamba daktari alimbadilishia baba dawa, akampa matone ambayo chupa yake inatakiwa ikae kwenye ubaridi. Mimi nina jokofu. Maretadu hawana. Sikuhitaji kusema zaidi, ila nilisema, nilisema sana. Nilimwambia mdogo wangu kwamba macho ya baba yanataka jokofu, kwamba Katesh daktari yuko karibu, kwamba nyumba yangu mpya iko mbali na njia ya matope, kwamba ni zamu yangu. Mdogo wangu alikubali kwa sababu hoja ilikuwa nzuri. Baba alisema atakuja kujaribu. Kama hapamfai, atarudi mwezi ukiisha.

Nilimwandalia chumba kama anakuja bwana harusi. Kiti chenye mito karibu na dirisha, blanketi zito, redio yenye betri mpya. Siku ya kuondoka wifi alimfungia kibuyu cha maziwa ya mgando, akakiweka mlangoni, akageuza uso wake upande wa zizi. Baba akasema kuelekea zizini, "Haya, mama." Wifi akasema kuelekea ng'ombe, "Haya, baba." Nikamshika baba mkono nikampeleka stendi, na moyoni nilikuwa nimeshinda.

Baba alikuja na kitabu kimoja tu. Sikuuliza kwa nini kimoja.

Kila nikitoka shule nilivua viatu, nikachemsha chai, nikakaa karibu naye nikasoma. Upepo wa Katesh ulipiga bati, vumbi likaingia chini ya mlango, mimi nikipandisha sauti. Nilisoma vizuri, sijawahi kusoma vizuri vile. Nilimsomea zile Kweli Nne, kwamba maisha yana mateso, kwamba mateso yana chanzo, na chanzo ni kung'ang'ania. Nilimsomea amri tano wanazoshika hata watu wa kawaida wa dini ile: kutoua, kutoiba, kutozini, kutosema uongo, kutokunywa pombe. Nikimaliza baba husema, "Asante, mwalimu." Mwalimu. Hivyo ndivyo alivyokuwa akiwaita walimu wenzake, kwa adabu, wanapopishana mlangoni.

Siku moja nikafika mahali kitabu kinapoeleza tabia nne njema za moyo. Upendo, sawa. Huruma, sawa. Ya tatu ni kufurahi kwa furaha ya mtu mwingine, hasa pale ambapo wewe hukugawiwa chochote katika furaha hiyo. Na kitabu kinasema hii ndiyo dawa ya wivu, na ndiyo ngumu kuliko zote. Macho yangu yalitangulia kuiona kabla mdomo haujafika. Nilifunua ukurasa, nikaanza ya nne.

"Umeruka," baba akasema.

"Sijaruka."

"Kuna ya tatu hapo. Kufurahia ya mwenzio. Yule alisoma, akaniambia kwao ndama akizaliwa kwa jirani, mtu huenda kumpongeza hata kama ndama wake mwenyewe amekufa, ila akifika nyumbani hulia. Nikamwambia basi anaijua tayari."

"Kumbe mlishakisoma hiki."

"Tulikimaliza wakati wa kupukuchua maharage."

"Sasa kwa nini umekuja nacho?"

"Ulitaka kunisomea," akasema kwa upole. "Kile tunachokisoma nimemwachia. Tumefika pale watawa wanavuka milima kwenda China, wamebeba vitabu migongoni. Sikutaka aachie njiani."

Nilikwenda jikoni nikaosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa. Nililia pia, kwa hasira, bomba likiwa wazi ili asisikie, na asiyeona vizuri husikia kila kitu. Nilitaka kumuuliza nani alimpeleka kwa daktari, nani ananunua matone, nani alisomea Kiingereza hata kikamtoa jasho. Niliosha sufuria ile ile mara nyingine.

Baada ya hapo alianza kupungua. Hakulalamika. Alibakiza ugali, alizima redio, alikaa ameelekea dirishani ambako haoni kitu. Matone yalikuwa kwenye jokofu, baridi safi, nami nikimdondoshea asubuhi na jioni kwa saa. Mwezi ulikuwa unakwisha. Nilimuuliza siku moja tu, kwa sauti niliyoifanya ya kawaida, kama atakaa.

Akafikiri. "Nikisikia kitabu hapa, nitakaa," akasema. "Nisipokisikia, mnitafutie gari."

"Si nakusomea, baba."

"Unasoma. Sijakataa." Akanyoosha mkono kutafuta kikombe, nikamsogezea. "Ukisoma wewe, mimi sina kazi. Nipigie nyumbani."

Ilikuwa Jumapili mchana, tumetoka kanisani. Nilikaa na simu mkononi muda mrefu kuliko inavyohitajika kutafuta namba. Ningeweza kusema mtandao hakuna. Maretadu mtandao unakamata pale kwenye ghala la mahindi tu, baba analijua hilo, angeamini. Nikapiga. Mdogo wangu akapokea, tukasalimiana, nikasema mzee anataka kusomewa. Hakushangaa hata kidogo. Nikamsikia anaita, nikasikia mbuzi, nikasikia hatua zinakuja na mlango wa ghala. Nikaweka sauti ya nje, nikamsogelea baba, nikainamisha simu karibu na sikio lake.

"Baba," sauti ya wifi ikasema, ndogo, imetoka mbali.

"Mama, kitabu unacho?"

"Ninacho." Kurasa zikasikika. Kisha upepo wa kule. Kisha akauliza polepole, "Wifi yupo hapo?"

Nilifungua mdomo. Nilikuwa na maneno tayari, mazuri kabisa: nipo mpenzi, soma tu, usijali. Mkono wa baba ukapapasa kwenye blanketi, ukapanda, ukanishika kiwiko, ukakikaza.

"Hayupo," baba akasema. "Ametoka. Soma."

Ningeweza kumkumbusha amri ya nne, ile ya kutosema uongo, mimi mwenyewe nilimsomea. Kule ghalani wifi akavuta pumzi, akaanza, herufi kwa herufi, watawa wakapanda mlima. Nikafunga mdomo, nikapumua kwa pua, taratibu, ili nisisikike.